Ziara ya Bi Mashavu kwenye Mahekalu ya Kale

Hapo zamani za juzijuzi, katika nchi moja yenye amani nyingi kiasi kwamba ilibidi ilindwe na askari kila kona, aliishi mama mmoja mjane aliyeitwa Bi Mashavu. Alikuwa karani wa posta kwa miaka thelathini na mmoja, kazi yake kugonga mihuri kwenye barua za watu wengine. Alipostaafu, barua nazo zikastaafu, maana watu walikuwa wamekwisha kuzoea kuandikiana kwa simu. Akabaki kwenye chumba chake, ghorofa ya tatu, Mtaa wa Mapinduzi ya Nne, yeye na redio na paka asiye wake, na mkono wa kulia ambao mara nyingine uligonga meza wenyewe bila kuagizwa.

Alikuwa na watoto wawili ng'ambo, watoto wema. Kila Jumapili walimpigia simu wakamuuliza kama amekula, akajibu amekula, wakamshukuru Mungu, wakakata. Jirani wa kushoto alifanya kazi katika idara ambayo haikumruhusu kusalimia watu. Jirani wa kulia aliruhusiwa, ila alimwogopa wa kushoto.

Basi siku moja Bi Mashavu aliona tangazo limebandikwa kwenye mlango wa duka la mchele. Wizara ya Utukufu wa Kale ilikuwa ikiwaalika wananchi arobaini kwenye ziara ya siku tatu ya kuyaona mahekalu ya wahenga. Kutakuwa na safari ya pamoja, chakula cha pamoja, na mshangao wa pamoja. Bi Mashavu hakuwa na haja na mahekalu. Lakini lile neno "pamoja" alilisoma mara tatu, kisha akaingia dukani kuuliza fomu zinachukuliwa wapi.

Hapa inafaa msomaji aelezwe mahekalu hayo yalivyopatikana, asije akafikiri yalizuka tu. Nchi jirani ilikuwa na mahekalu ya miaka elfu mbili, na wageni walikuwa wakimiminika kuyatazama. Rais wetu, Baba wa Busara, alikwenda huko kwa ziara rasmi. Mwenyeji wake akamuuliza kwa upole, "Na kwenu mna nini?" Baba wa Busara alirudi nyumbani akakaa kimya wiki nzima. Siku ya nane akawaita wataalamu, akawaambia kwamba taifa bila mahekalu ni sawa na mtu asiye na kitovu. Wataalamu wakaenda porini, na baada ya miezi mitatu tu wakarudi na mahekalu ya miaka elfu nne. Jirani alipodai kwamba amehesabu upya na ya kwake yametimiza elfu nne na mia tano, wataalamu wetu nao wakahesabu upya, wakapata elfu tano, na hawakulala njaa siku hiyo.

Basi la ziara lilikuwa na mapazia yaliyoshonewa kwenye madirisha, kwa sababu mahali yalipo mahekalu ni siri ya taifa. Walisafiri saa nyingi bila kuona nje. Bi Mashavu alikuwa amekaanga sambusa thelathini, akitumaini kugawana na watu, lakini kila aliyempelekea kopo alimtazama kwanza yule aliyeketi nyuma yake, kisha akasema ameshiba. Alikula mbili. Nyingine akazifunga tena.

Mwenye msafara alikuwa kijana mmoja mwembamba aitwaye Gadi, cheo chake Afisa Msimulizi Daraja la Pili. Alikuwa na kipaza sauti, filimbi, na kurasa kumi na nne alizozihifadhi kichwani mpaka nukta. Aliwatangazia sheria. Filimbi moja ni kushuka, mbili ni kushangaa, tatu ni kuondoka. Maswali yanaruhusiwa, na orodha yake ingegawiwa kesho.

Siku ya kwanza walishushwa kwenye uwanda wenye magugu, wakapelekwa Hekalu la Maji. Lilikuwa pipa kubwa la chuma juu ya nguzo nne za mawe, limeota kutu. Gadi akaeleza kwamba wahenga walijua kufua chuma kabla chuma hakijakuwepo. Akapiga filimbi mbili, watu wakashangaa.

Bi Mashavu hakushangaa. Alijiambia kwamba matangi ya maji ni mengi duniani na yote yanafanana, kama mabasi na makamishna. Lakini miguu yake ilikuwa imekwisha kukwepa upande mmoja wa lile tangi, upande uliokuwa ukivuja zamani na kuchafua sketi za wasichana, kabla yeye hajafikiria kukwepa.

Kutoka hapo wakaenda kwenye Jukwaa la Sala. Lilikuwa kama ukuta mpana wa mawe, mrefu hatua mia mbili, umelala kando ya mfereji ulionyooka.

"Hapa," akasema Gadi kwa kipaza sauti, "makuhani walisimama na mizigo ya sadaka, wote wakitazama magharibi, wakimngoja mungu wao aje. Maandiko yanasema kwa kawaida alichelewa."

Bi Mashavu akaketi kwenye ukingo wa lile jukwaa. Ilikuwa ni stesheni ya reli ya Lukolo, na Lukolo ndiko alikozaliwa.

Miaka thelathini na minane nyuma, wakati yeye ana miaka ishirini na mbili, watu wa Lukolo walipakiwa kwenye malori katika asubuhi moja, kwa sababu lingejengwa bwawa kubwa kuliko yote barani na mji wao ungekuwa chini ya maji. Waligawanywa katika mikoa kumi na miwili ili wasilundikane na kuhuzunika kwa pamoja. Bwawa halikuja. Serikali haikuwa na kosa lolote, ni maji ndiyo yaliyokaidi. Lakini kwa kuwa mji usiokuwa na watu na usiokuwa na maji ungeweza kuzua maswali, ulifutwa kwenye ramani, na reli iliyokwenda huko ikang'olewa, na katika hati yake ya kuzaliwa Bi Mashavu aliandikiwa mahali pengine. Wazazi wake walifariki katika mikoa ambayo hawakuijua hata upepo wake unatoka wapi.

Usingizi wake katika hema ulikuwa mwepesi. Asubuhi alipoamka aliwatazama wenzake wakinawa nyuso, mmoja baada ya mwingine, akitafuta hata mmoja mwenye macho kama yake.

Siku ya pili waliongozwa mpaka Tanuri la Kafara. Lilikuwa la matofali mekundu, lenye mdomo wa duara, na bomba lake limeangukia upande. Gadi akashusha sauti, kama ilivyoelekezwa kwenye ukurasa wa saba. Akasema kila mwaka bikira wa miaka kumi na saba alisukumwa humo kwa koleo refu la mbao, na harufu yake ilienea mji mzima, na watu walipoisikia wakatoka majumbani wakishangilia.

Bi Mashavu akacheka. Hakukusudia. Lile lilikuwa tanuri la Mzee Harubu, mwoka mikate, na harufu kweli ilienea mji mzima, na watu kweli walitoka majumbani. Yeye mwenyewe alipokuwa na miaka kumi na saba alisimama hapo kila alfajiri, akangoja mkate wa kwanza, akarudi nyumbani ameumega pembe zote.

Kicheko chake kilikaa peke yake hewani. Filimbi haikuwa imelia. Watu thelathini na wanane wakamgeukia, kisha wakageuka tena upesi.

Lakini mmoja hakugeuka. Alikuwa mzee wa kofia ya kijivu, amesimama karibu na mdomo wa tanuri, amefumba macho, pua zake zikifanya kazi. Sikio lake la kushoto lilikuwa na pengo. Bi Mashavu alilijua pengo lile. Punda wa muuza mkaa ndiye aliyelitia, na siku hiyo mtaa mzima ulitoka kumsaidia mtoto. Huyu alikuwa Ndaro, mtoto wa fundi cherehani, na nyumba yao na ya kina Mashavu zilipakana ua kwa ua.

Wakati wa chakula alikwenda akaketi karibu naye na sahani yake. Wakala kidogo. Kisha akamwambia kwa sauti ya chini, "Kaka Ndaro, hii si ni Lukolo?"

Yule mzee alitafuna mpaka akamaliza. Hakumtazama.

"Dada yangu," akasema, "mimi nimefanya kazi Idara ya Ramani miaka thelathini. Hakuna mahali panapoitwa Lukolo. Nakuhakikishia. Ni kalamu yangu iliyohakikisha."

Akachukua sahani yake akahamia meza nyingine. Bi Mashavu alibaki na wali wake. Alikuwa amezoea upweke wa chumbani, upweke wa kukosa mtu. Huu wa kumpata mtu ulikuwa mgeni kwake, na ulimkaba zaidi.

Siku ya tatu ndiyo ilikuwa siku kuu, siku ya Hekalu la Tatu, mahali alipoketi Malkia wa wahenga. Mkurugenzi Mkuu wa Wizara, Daktari Nangumbu, alikuwa amekuja mwenyewe na gari lenye bendera. Alihutubia kwa saa moja na robo. Alisema kwamba yaliyopita si ndwele, lakini yaliyopita zaidi ni utajiri. Alisema kwamba nchi zingine zina kesho tu, ilhali sisi tuna juzi isiyokwisha. Watu wakapiga makofi kwa utaratibu wa safu.

Kisha wakaingizwa kumi kumi. Zilikuwa kuta nne zilizobomoka, zinamfikia mtu kifuani, na ndani kamba nyekundu imezungushwa. Gadi akaonyesha mafiga matatu, akasema ni viti vya mawaziri. Akaonyesha jiwe la kusagia, akasema ni mto wa Malkia, aliyelala chali akiwaza nchi. Halafu akaonyesha sakafu.

"Haya ndiyo Maandishi Matakatifu," akasema. "Wataalamu watano wamepata udaktari kwa kuyasoma. Yanasema: Atakuja Baba mwenye Busara, naye hatatoka."

Bi Mashavu akainama. Kwenye saruji, kuanzia mlangoni mpaka karibu na mafiga, ulipita mstari wa alama ndogo, kila moja na vidole vitatu mbele na kimoja nyuma. Alikuwa ameziosha alama hizo kwa maji ya sabuni kila Jumamosi ya utoto wake.

Alijua kwamba kunyamaza kulikuwa rahisi. Filimbi tatu zilikuwa zimebaki kidogo zilie, basi lilikuwa tayari linanguruma. Lakini alitazama lile jiwe la kusagia, akamwona mama yake amelala chali akiwaza nchi, mama yule ambaye hakuwahi kulala chali hata siku moja kwa sababu ya mgongo.

"Huyo ni kuku," akasema.

Gadi akapekua kurasa kichwani. Hakukuwa na kuku.

"Alipita hapa saruji ikiwa mbichi," Bi Mashavu akaendelea, sauti yake ya kawaida kabisa, kama mtu anayemwelekeza mwenzake dirisha la stempu. "Baba alikuwa amekesha akiilainisha. Mama kwa hasira akamchinja kuku siku ileile. Firigisi nilikula mimi. Hili ni jiko letu."

*

Alipelekwa kwenye hema la Mkurugenzi, Gadi akimsindikiza, akaeleza yote ya Lukolo, hata tanuri la mikate la Mzee Harubu. Daktari Nangumbu hakuwa mtu mkali. Alimpa kiti, akamwagizia chai, akamweleza taratibu kwamba taifa haliwezi kuwa na shahidi wa jana katika jambo la miaka elfu tano. Ni suala la hesabu tu. Lakini serikali ni sikivu. Kama kuna mtu mwingine yeyote kwenye msafara anayeikumbuka hiyo Lukolo, suala lingeweza kupelekwa kwenye kamati.

Gadi akatumwa akawapange wasafiri kando ya basi, akawauliza. Bi Mashavu aliwatazama kupitia mlango wa hema. Hakuna aliyeinua mkono. Yule mzee wa kofia ya kijivu aliinama akafunga kamba ya kiatu, akaifungua, akaifunga tena.

"Basi," akasema Daktari Nangumbu, kwa huzuni ya kweli, akamwekea fomu mbili mezani.

Fomu ya kwanza ilisema kwamba aliyetia saini hakuzaliwa hapa, wala wazazi wake hawakupata kuishi hapa, na kwamba alichokiona sakafuni si kuku. Akiitia saini atapanda basi aende nyumbani, na hakuna atakayemuuliza kitu. Fomu ya pili ilisema kwamba aliyetia saini ametoka katika mahekalu. Hapo Mkurugenzi alimtahadharisha, kwa sababu Sheria ya Urithi, kifungu cha tisa, iko wazi: kila kitokacho hekaluni ni mali ya taifa, na ni marufuku kukiondoa mahali pake.

Bi Mashavu alizisoma zote mbili mpaka chini, kama alivyozoea. Alikifikiria chumba chake, redio, Jumapili. Mkono wa kulia, uliokuwa umegonga mihuri kwenye maneno ya watu wengine maisha yake yote, ulikwenda kwenye fomu ya kwanza, ukafika kwenye ile sentensi ya wazazi, ukasimama. Haikuwa ushujaa. Alishindwa tu kuandika jina lake chini ya maneno yanayosema kwamba mama yake hakupata kupika.

Akaivuta ya pili.

Basi liliondoka na watu thelathini na tisa. Katika taarifa ya ziara iliandikwa kwamba siku ya tatu msafara ulivumbua kifaa kimoja cha kale, kikiwa katika hali nzuri.

*

Alipewa namba mia mbili na kumi na nne. Kamba nyekundu ilisogezwa ili imzunguke na yeye, na mbele yake kikawekwa kibao: Mhenga Mwanamke, Enzi ya Hekalu la Tatu, Usimguse. Alikuwa na chumba kidogo nyuma ya kuta, godoro, na chakula mara mbili kwa siku, maana kifungu cha kumi na moja kinataka vitu vya kale vihifadhiwe visiharibike. Alikatazwa kuzungumza na wageni, kwa kuwa wataalamu walikuwa hawajakubaliana ni lugha gani aizungumze. Watoto wake waliarifiwa kwa barua rasmi kwamba mama yao ametunukiwa hadhi ya kitaifa. Walifurahi, wakamtumia picha wakiwa wametabasamu.

Wageni walikuja kila mwezi, wakati mwingine watu arobaini, wakati mwingine sitini. Walimtazama, wakashangaa kwa filimbi, wakapiga picha, wakaondoka. Wengine walimwonea huruma kwamba wenzake wote walikufa miaka elfu tano iliyopita. Mama mmoja alilia.

Siku ambazo hakukuwa na wageni zilikuwa ndefu. Bi Mashavu aliketi kwenye mafiga akiupitia mji kwa kichwa. Kwa Mzee Harubu. Kwa muuza mkaa. Kwa mwalimu mkuu, ambaye nyumba yake ilikuwa na mpapai mmoja usiozaa. Alipofika kwenye nyumba aliyoisahau hakuwa na wa kumuuliza, basi aliiruka. Na kadiri miezi ilivyokwenda, nyumba za kuruka zikawa nyingi. Hilo ndilo lililomwogofya kuliko kamba. Aliona kwamba mji ukiwa kichwani mwa mtu mmoja tu huwezi kujua ni mji au ni maneno yake mwenyewe, na kwamba pengine Daktari Nangumbu naye ndivyo alivyoanza.

Gadi alikuwa akimpita bila kumtazama, kama inavyotakiwa. Mara moja tu, wageni walipokwisha kupanda basi, alirudi kuchukua kipaza sauti alichokuwa amekisahau. Akasimama.

"Mama," akauliza, "hiyo mikate ilikuwa mitamu?"

Bi Mashavu akatikisa kichwa kukubali. Gadi akakaa na jibu hilo kidogo, kisha akaondoka nalo.

Mwezi wa saba tangu awekwe hapo, katika kundi la watu kumi wa mwisho, aliingia mzee wa kofia ya kijivu. Alisikiliza kuhusu mawaziri, akasikiliza kuhusu Malkia, akasoma kibao mpaka mwisho. Filimbi mbili zilipolia, wenzake wakashangaa kisha wakatoka, yeye hakutoka. Alikuwa ameushika ukuta wa mashariki kwa viganja vyote viwili.

"Mlango wa uani ulikuwa hapa," akasema. Hakumsemesha mtu. Aliusemesha ukuta.

Bi Mashavu alikuwa hajatumia sauti yake miezi saba. Ilitoka na mikwaruzo. "Haukuwa hapo. Ulikuwa kule, upande wa mafiga."

"Hapa, Mashavu. Nilikuwa nikitumwa moto kwenu kila jioni. Nikirudi kwetu nilikuwa napita hapa na kaa kwenye kigae."

"Ulikuwa mtoto, Ndaro, utajuaje. Mlango ulikuwa kule. Moshi ulikuwa ukitokea huko."

"Moshi ulikuwa unatokea dirishani."

"Jikoni kwetu hakukuwa na dirisha."

"Lilikuwepo. Dogo. Mama yako alikuwa akianikia pilipili."

Bi Mashavu akafungua mdomo kukataa, akakumbuka pilipili. Mzee Ndaro akamtazama sasa, kwa mara ya kwanza. Midomo yake ilikuwa ikitafuta neno lingine, zito kuliko mlango, lakini nje filimbi tatu zikalia, na Gadi akamwita kwa heshima kwamba basi linamngoja. Akaivua kofia, akaivaa tena. Akasema atakuja na kundi la mwezi ujao, tiketi amekwisha kukata. Kisha akatoka.

Katika daftari la siku hiyo Gadi aliandika kwamba kifaa namba mia mbili na kumi na nne kilitoa sauti. Sababu: upepo.

Vumbi la basi lilipotulia, Bi Mashavu aliinyanyua kamba, akapita chini yake, akaenda kwenye ukuta wa mashariki. Kwa vidole aliyaondoa magugu, kisha udongo, kisha akachokonoa kwa kijiti. Jiwe moja halikuwa limefungamana na mengine, kama lililowekwa baadaye kuziba pengo. Kando yake, usawa wa kiuno, kulikuwa na tundu la mviringo, laini kwa kusuguliwa miaka mingi. Akaingiza kidole. Kiliingia mpaka kwenye pingili ya pili. Lilikuwa tundu la komeo.

Alisimama hapo kwa muda mrefu na kidole chake ukutani. Ndaro alikuwa sahihi, na yeye ndiye aliyekosea. Akahesabu siku mpaka kundi linalofuata. Zilikuwa ishirini na tisa, na kwa mara ya kwanza tangu astaafu alikuwa na jambo la kumwambia mtu.